Bado Moja

Siku sita za wiki binti alihariri video za harusi za watu. Ya saba alijirekodi mwenyewe. Filamu yake ilikuwa ya dakika sita, haina maharusi wala muziki. Ni uso wake tu, akighani utenzi wa kale wa shujaa aliyemuua mwanawe aliyevunja amri. Utenzi huo alifundishwa na baba yake, mwalimu mstaafu, kwa fimbo. Ukiruka ubeti mmoja, viboko kumi, na kila kiboko na msemo wake: samaki mkunje angali mbichi. Sasa alitaka aughani mpaka mwisho, akijitazama kwenye kioo cha kamera, na uso auonao uwe wake, si wa mzee. Hilo tu ndilo alilolitaka.

Alichukua fimbo ile ile, akawa anaupiga mto kwa kila ubeti. Pamba iliruka chumba kizima. Kwenye ubeti wa sita ulimi ukamteleza, akarukia wa nane.

Mlango wa chumba cha pili, alimolala baba yake, ukafunguliwa. Mazoea yana taabu: mzee hakuuliza kamera ni ya nini. Alimzaba bintiye kofi lililompasua mdomo, kisha akanyoosha mkono apewe fimbo yake.

Alipewa. Ya kwanza binti aliitua kwenye kiganja kile cha mzee, ya pili kwenye kiwiko, ya tatu ikamwangusha chini kama gunia. Hasira ya miaka thelathini haina breki, na simtetei. Binti aliendelea kumchapa baba yake huku akihesabu kwa sauti, na baada ya kila namba akisema samaki mkunje angali mbichi. Hakujisikia akisema mpaka ya tisa, alipoinua macho akajiona kwenye kioo cha kamera: taya ile, mshipa ule wa paji la uso, mdomo ule uliopinda. Mtoto wa nyoka ni nyoka. Alijichukia.

Mkono ukabaki hewani. Mzee alikuwa amejikinga kichwa, damu ikimchuruzika kwenye sikio lililochanika.

"Bado moja, mwanangu," alisema taratibu.

Binti aliivunja fimbo gotini, akampigia simu daktari. Wakimsubiri, kidole chake kilifika kwenye kitufe cha kufuta video, kikakaa hapo muda mrefu. Hakufuta. Alikuwa ametafuta picha ya nafsi yake, na ndiyo hiyo aliyoipata.