Ufunguo wa Mama Vitunguu

Chumba cha Baraza la Rufaa kilikuwa kidogo, basi wanawake waliofungiwa vizimba vyao vya biashara sokoni wakabanana mlangoni na kwenye korido, wengine mikono bado ina udongo wa viazi. Mbele alisimama Mama Vitunguu peke yake. Kanuni ilitaka kundi lisemewe na mtu mmoja, na wenzake walimchagua yeye kwa sababu, kama alivyosema wifi yake muuza ndimu, "huyu hata askari humjibu kabla hajaulizwa."

Tangu manispaa ifunge vizimba vyao, walikuwa wakiuza chini kando ya barabara, wakiswagwa kama kuku. Leo walitaka kusikia neno moja tu: rudini.

Wakili wa manispaa, kijana mwenye sauti ya upole, akainuka. "Mheshimiwa Mwenyekiti, huyu mama analalamikia nini? Asubuhi hii amekabidhiwa ufunguo wa kizimba chake. Ametia saini."

Mwenyekiti akamgeukia Mama Vitunguu.

"Ni kweli, mama?"

"Kweli, mheshimiwa. Meneja wa soko alinifuata hapo nje. Nikajua ndiyo wameanza kuturudishia."

"Ulipokea wako au wa wote?"

"Nilipokea kama tunavyopokea mzigo." Akageuka kuwatazama wenzake, wamsaidie. "Lori likija, mmoja husaini kwa niaba ya wote, kisha tunagawana. Nilidhani huu ni wa kwanza, mingine iko njiani."

Wakili akatabasamu. "Ufunguo si gunia, mama."

Mwenyekiti akavua miwani, akafikicha macho. "Kanuni inasema msemaji awe na dhara lile lile la kundi. Lako limeondolewa. Dai la kundi linaanguka."

"Basi naurudisha! Huu hapa!"

"Hapa hatupokei funguo."

"Asimame wifi yangu, basi. Yeye si bado amefungiwa?"

"Msemaji hubadilishwa kabla shauri halijaanza kusikilizwa. Na muda wa kuleta dai jipya umepita." Akafunga jalada. "Hongera, mama. Wewe umeshinda."

Nje, alimshika mkono muuza ndimu. "Wifi..."

"Usiniwifi mimi." Akauchomoa mkono wake. "Tulisema kidole kimoja hakivunji chawa. Wenzetu wa manispaa wametafuta hicho kimoja, wamekivika pete."

"Haki ya Mungu, sikujua!"

"Wewe? Wewe unayejua kila kitu?"

Kesho yake Mama Vitunguu aliwaza asifungue kizimba. Lakini meneja alishasema kizimba kinacholala kimefungwa hupewa mwingine, na nyumbani watoto hawashibi hasira. Akafungua. Safu nzima ilikuwa makufuli matupu; ng'ambo ya barabara wenzake walitandika magunia yao, hakuna aliyemtazama.

Jua halijapanda sana, askari wa manispaa wakashuka na virungu. Wanawake wakatawanyika. Ndimu zikabiringika kwenye lami, na muuza ndimu, aliyeinama kuziokota, akapigwa mgongoni, akaanguka kifudifudi.

"Mwacheni! Mwacheni huyo!" Mama Vitunguu akaruka meza yake, vitunguu vikamwagika.

Askari mmoja akamzuia kwa mkono, kwa adabu kabisa.

"Rudi ndani, mama, usije ukaumia. Hawa hawana kibali. Wewe una haki yako."

Kisha akampa mgongo, akasimama mbele ya kizimba na kirungu mkononi, kumlinda.