Wanne Kati ya Arobaini

...wanne, basi wametimia, Mwanapili alijiambia, vidole amevikaza magotini, wanne wameshaitwa na Twaiba wake hayumo, na nesi Beryl si ndiye aliyewaeleza wazazi asubuhi, hapa hapa zahanati ya Mkongani, kwamba mwalimu wa chekechea amekutwa na kifua kikuu, watoto wote arobaini wamepimwa, "na kwa makadirio yetu mmoja katika kila kumi huwa ameambukizwa, kwa hivyo tutarajie kama wanne hivi, msishtuke," na yeye hakushtuka, alihesabu, mmoja, wawili, watatu, na wa nne Mwinga, mtoto wa Menza jirani yake, na jina lile lilipotajwa pumzi zikamshuka, alhamdulillahi, alisema... alisema kwa sauti? Menza amesikia? yuko ubavuni mwake, leso mdomoni, anangoja kuingia kwa daktari... na juzi Twaiba alikohoa, vumbi, ni vumbi tu la barabara, wanne wametimia... "Nesi," mama mmoja alikuwa akiuliza huko nyuma, "wanne si washapatikana, sisi tuliobaki twende zetu?" na Mwanapili akamshukuru kimoyomoyo, na nesi, bila kuinua macho kutoka kwenye karatasi zake, "Hapana, mama, huo ni wastani tu, wanaweza kuwa wawili, wanaweza kuwa saba, na bado majibu ya watoto kumi na mmoja, kila mtoto na lake, walioitwa hawamkingi mwenzao"... hawamkingi... ee Mola, na yeye alikuwa amemtoa Mwinga ili Twaiba abaki, amemtoa kwa furaha, Mwinga ambaye yeye mwenyewe alimpokea kwa mikono yake alipozaliwa, alfajiri ile mkunga alipochelewa, Mwinga anayemwita mama mkubwa, akamtoa kama mtu anayelipa deni lake kwa mali ya mwenzake, na hata deni lenyewe halikuwapo... "Menza," akasema, "Mwinga atapewa dawa, atapona, inshallah."

"Najua, dada." Menza alijifuta macho kwa ncha ya leso. "Na Twaiba, bado hajaitwa? Mimi tangu nimekaa hapa namwombea yeye asiwemo."

Mwanapili akausogeza mkono mpaka ukaukuta wa Menza, wa baridi, akaushika, na nesi akafunua karatasi nyingine.