Kamba ya Kiotani

Asubuhi hiyo, kama kawaida, waliingia wawili kwenye kibanda cha turubai, akatoka mmoja. Ndege hajui hesabu. Akiona mtu anaondoka, huamini hakuna aliyebaki.

"Leo uondoke ukiimba," alinong'ona Clarrie Dunstan, akifunga kamera yake kwenye stendi ya miguu mitatu. "Lakini usiimbe sana, utawaua ndege wangu."

"Wakifa, ni kwa harufu ya soksi zako, mzee," mkewe Nola alijibu, akateremka mlima akiimba.

Clarrie alikuwa amepiga filamu za wanyama kwa miaka thelathini. Hawa ndege wanaonyonya asali ya maua, weusi wenye madoa ya njano, walikuwa wamebaki wachache mno. Kabla ya kustaafu alitaka picha moja tu: kinda wao akiruka kutoka kiotani kwa mara ya kwanza. Zilibaki siku tatu kabla kinda hajaruka.

Alichungulia kwenye lenzi. Mdomo mmoja ulikuwa wazi, unangoja chakula. Jana ilikuwa miwili.

Ndipo alipoiona kamba. Kila siku alilivuta kando tawi lililofunika kiota, akalifunga kwenye kisiki ili kamera ione, na kila siku alilifungua kabla ya kuondoka. Jana mvua ya mawe ilimkurupusha. Kamera aliikumbuka, akaikumbatia ndani ya koti. Kamba hakuikumbuka.

Juu ya mkaratusi, kunguru mmoja alilia. Kunguru hasahau mahali alipokula.

Tawi likirudi, majani yangeziba kila kitu. Lisiporudi, kunguru angeshuka, na hiyo nayo ingekuwa picha ya kusimuliwa. Kidole cha Clarrie kilikuwa tayari kwenye kitufe. Alikitazama kidole hicho kama cha mtu mwingine.

Akatoka kwa magoti, akaikata kamba. Tawi likarudi mahali pake kwa kishindo. Ndege mama akaruka, akapotea bondeni.

Alimkuta Nola garini, akamweleza yote. Walikaa na darubini, wakipokezana, hadi chai ikapoa. Ndege mama hakuonekana. Baada ya muda mrefu, doa la njano liliingia kwenye yale majani, na upepo ukaleta kilio chembamba cha kinda.

Nola akashusha pumzi. "Amerudi. Na filamu yako je?"

"Nitapiga picha ya majani."

"Majani matupu?"

"Na sauti ya kinda ndani yake. Halafu nitasema kwamba makinda walikuwa wawili, na kwamba ni mimi niliyesahau kamba."

"Watakusema, Clarrie. Miaka thelathini yote hiyo! Nani atakuuliza? Hata mama yao huenda hajui kama mmoja amepungua."

"Yeye hajui hesabu," alisema Clarrie, akimwaga chai iliyopoa. "Mimi najua."