Michezo ya Ulaya Pale Malaba

Emorut Callistus aliishia darasa la nne, na hata hilo la nne alilimalizia nje ya dirisha, amefukuzwa kwa kukosa karo. Kusoma kwenyewe alifundishwa ukubwani na mkewe Alaso, aliyekuwa mfagiaji wa maktaba ya shule moja ya masista. Maktaba ilipofungwa, Alaso alipewa sanduku la vitabu ishirini na vitatu badala ya asante. Vyote vilikuwa michezo ya kuigiza ya Ulaya ya kale iliyotiwa Kiswahili: mabwana wabahili, mahakimu wapumbavu, watumishi wenye akili kuliko waliowaajiri.

Walivisoma wawili kwa kupokezana, Alaso akiweka alama ya penseli pembeni. A ni Alaso, C ni Callistus. Sehemu za wapumbavu zote zilikuwa C.

"Ndio ujue wakubwa wanavyofikiri," alikuwa akimwambia, huku anacheka.

Mwaka juzi Alaso akafa akingojea ambulensi. Ambulensi yenyewe ilikuwepo, tena mpya: ina king'ora, ina taa, ina picha ya mheshimiwa mlangoni ametoa meno yote. Kitu kimoja tu haikuwa nacho, mafuta. Siku ya mazishi hao hao wenye ambulensi walikuja na magari manne yaliyojaa mafuta, wakahutubia hadi maiti akachoka.

Baada ya hapo Emorut hakutaka kukaa nyumbani. Alijenga kibanda cha chai Malaba, pale malori yanapopanga foleni kungojea forodha, akaliweka lile sanduku chini ya benchi. Ukinunua chai unasoma, lakini kitabu hakitoki. Akachora kibao kwa mkono wake:

MICHEZO YA ULAYA. MAPENDEKEZO HAPA.

Mteja wa kwanza alikuwa Otukei, utingo wa lori la simiti. Aliangalia kibao, akaangalia nyuma, akasogea.

"Mzee, leo unapendekeza gani?"

Emorut akafurahi mpaka akamwaga chai. "Inategemea mtu. Wewe unataka kucheka ama kulia?"

"Kulia nimelia wiki nzima. Nipe ya kucheka."

"Basi kuna huu. Tajiri mmoja mkubwa, kila mtu anamwogopa. Kumbe kuna kijana hana jina, anakuja kumwaibisha kwake nyumbani."

"Nyumbani kwake?" Otukei alishusha sauti. "Uko na uhakika?"

"Nimeurudia mara tisa."

"Ngapi?"

Emorut alidhani anaulizwa sehemu za mchezo. "Tatu. Na hiyo ya tatu ya mwisho kabisa ndiyo tamu."

Otukei aliondoka mbio, chai hajagusa, kitabu hajafungua. Jumamosi hiyo, huko Ulaya, timu moja kubwa ilifungwa tatu kwake nyumbani na timu ambayo hata mama wa wachezaji wake hawaijui, bao la tatu likiingia dakika ya mwisho. Jumatatu benchi la Emorut halikuwa na pa kukaa. Madereva, wabadilishaji pesa, mama wa samaki, wote wanataka mapendekezo.

Emorut alishangaa lakini hakukataa neema. Kumbe watu wa mpaka walikuwa na njaa ya kusoma, ni serikali tu iliwanyima vitabu! Akapendekeza kwa moyo wote. Mama wa samaki akampa ule wa mwongo aliyesahau jina lake mwenyewe. "Huyo ni golikipa," mama wa samaki akawanong'oneza wenzake, nao wakaitikia kwa vichwa.

Ijumaa akaja bwana mmoja mnene, kofia imeshuka hadi puani, miwani nyeusi. Hakusema jina.

"Nipe moja ya nguvu."

"Kuna huu wa mjane na hakimu. Hakimu anajiona kwenye kioo cha mjane, hapendi alichokiona, anakishtaki kioo kwa kuitukana serikali."

"Sina haja na hadithi. Nani anashinda?"

"Mjane, bosi. Mjane anashinda."

Yule bwana akaenda akaweka mkeka wake, maana mkeka ndiyo karatasi ya kubashiri mpira, na watu wa Malaba wanaujua kuliko ule wa kulalia. Huo wa bwana mnene ukachanika. Timu aliyoiona yeye kuwa mjane ilifungwa manne.

Jumatatu alirudi bila kofia. Emorut akamtambua kwa pua. Alikuwa Oduori, afisa wa leseni, ametoka ofisini Amagoro na askari wawili na karani wake, Brendah.

"Mzee, unaendesha kamari bila leseni."

"Kamari? Hii ni michezo ya kuigiza, bosi."

"Kuigiza, kucheza, mchezo ni mchezo. Kibao chako kinasema Ulaya. Kuna mchezo gani mwingine Ulaya?"

Otukei aliyekuwa benchini akaropoka. "Woi, mzee! Kwani yale mapendekezo hayakuwa ya mpira?"

Hapo ndipo Emorut alipofahamu. Wiki mbili nzima amewasifia watu vitabu, na hakuna hata mmoja aliyefungua ukurasa. Alicheka, halafu akaligeukia lile sanduku.

Oduori alikuwa ameshafungua kitabu cha mjane. Akagonga alama za penseli kwa kidole. "Na hizi? A, C, A, A, C. Hizi si siri za kamari? Brendah, andika. Askari, beba sanduku."

"Hiyo ni hati ya mke wangu," Emorut akasema.

"Ataitwa atoe ushahidi."

"Mwiteni. Ila nendeni na ambulensi yenye mafuta."

Hawakumwelewa. Sanduku likaenda.

Kesho yake asubuhi Emorut alikuwa kwenye ofisi ya Oduori. Chai na kibanda hakuvililia. Kulikuwa na njia moja tu ya kumsikia Alaso iliyobaki duniani, nayo ilikuwa juu ya meza ya mtu aliyedhani ni mkeka.

"Usomeni huu wa mjane na hakimu," akasema. "Mkipata mpira humo ndani, nifungeni. Huyu dada asome penye A. Penye C ni hakimu, ni sehemu yangu, lakini naona itakukaa wewe, bosi."

Oduori alianza kwa shingo upande. Kufikia ukurasa wa pili amesimama, ananguruma, anapiga meza: "Kioo hiki kimedharau ofisi! Kifungwe!" Wafanyakazi walijaa dirishani wakicheka hadi machozi. Oduori akainama kushukuru, akidhani wanamcheka hakimu.

Brendah naye alisoma vizuri, bila kukwama. Ila akafika pale mjane anaposema, "Mheshimiwa, kioo hakina mdomo, uso ni wako." Hapo Alaso hakuwahi kumaliza hata siku moja, kicheko kilimkata katikati. Brendah akapita tu kama mtu anayevuka daraja. Emorut akaangalia sakafu.

"Mzee," Oduori akasema akijifuta jasho, "nimeridhika, si kamari. Chukua vitabu vyako. Lakini faili haliwezi kufungwa tupu, lazima kielelezo kibaki. Hiki cha hakimu kitabaki. Nimekipenda, kinanikumbusha mtu, sijui ni nani."

"Hicho hapana."

"Ni kimoja tu! Unarudi na ishirini na viwili."

"Kaa na hivyo ishirini na viwili."

Brendah alimgeukia. "Mzee, na kibanda utaendesha na nini?"

"Na chai." Emorut alikitoa kitabu mkononi mwa Oduori, taratibu, kama mtu anayemnyang'anya mtoto kisu. "Hivyo vingine vyote navipendekeza kwa ofisi hii. Sina wasomaji wengine vinaowahusu hivyo."

Oduori alikwisha vuta sanduku upande wake, mate yakimtoka. Emorut hajafika langoni akasikia Oduori akimwita dirishani.

"Mzee! Kuna hiki cha mji uliomchagua bata kuwa diwani. Mimi nisome nani?"

"Bata," Emorut akajibu bila kugeuka. "Hasemi kitu, bosi. Anakula tu."