Familia 6, Modelo 15

Mwaka ule meli za kutafuta gesi zilikuwa zikisimama mbele ya mji wa Palma, kaskazini mwa Msumbiji, wiki nzima bila kusogea. Ndipo kompyuta sita zilipoletwa kwenye ofisi ya wilaya, kwa kazi ya kuorodhesha mashamba. Kila moja ilibandikwa karatasi: mpya, 2012.

Chamima, karani wa ofisi, aliwasha ya kwanza adhuhuri, wenzake wakiwa msikitini. Programu ya ramani ilikwenda polepole mno. Mstari wa pwani ulijichora kidogokidogo, ukakoma, ukaanza tena, na joto likamlegeza. Akasinzia. Akaota bahari imeingia ofisini bila kulowesha karatasi hata moja, naye anaiuliza mashine: wewe ni nani?

Alipozinduka akaiuliza kweli. Alifungua taarifa za mfumo, akasoma palipoandikwa habari za prosesa: familia 6, modelo 15, toleo 11. Akawasha na zile nyingine. Zote zilijibu vilevile. Laptopu ya mkuu wake, Arsénio, aliyoinunua Maputo mwaka uliopita, ilisema modelo 42.

Akampigia simu Helga, aliyemfundisha kompyuta katika mji wa Pemba, hukohuko Msumbiji.

"Familia ni kama ukoo," Helga alisema. "Modelo ndiyo inayokuonyesha kizazi. Hiyo 15 ni ya mwaka 2007, mwanangu. Karatasi hubandikwa na yeyote, lakini namba hiyo imo ndani ya prosesa yenyewe."

Arsénio alikuwa keshashika kalamu apokee mzigo.

"Chefe, usitie saini. Hizi ni kuukuu."

"Dada Chamima, tukizirudisha tutakaa miezi bila mashine."

"Nitaandika kwa mkono."

Arsénio alimtazama, kisha akaifunika kalamu yake. Muuzaji alikuja kuzichukua, wala hakubisha.

Miezi minne Chamima alizunguka na daftari. Njia ya kwenda kijiji cha Pundanhar ilimvunja mgongo juu ya pikipiki, na kuna siku alijuta. Huko mkulima mmoja, Felismina, alimshika mkono akampitisha katikati ya mihogo.

"Andika: hapa nilijifungulia mwanangu wa tatu. Na hapa mtama haukubali kabisa."

Kwenye fomu hapakuwa na nafasi ya maneno hayo. Chamima aligeuza ukurasa, akayaandika nyuma, taratibu, upepo ukipita majanini.