Ghuba Iliyomfuata Sevasti

Saa tatu na robo asubuhi Sevasti alikuwa chini, kwenye jiko la mashua, akikata nyanya. Alizipasua vipande vinenevinene, akazinyunyizia chumvi ya mwambani na kuziacha zitoe maji yake. Juu ya kichwa chake viatu vilikuwa vikidondoka kapuni, kimoja kimoja. Mdogo wake, Themelis, hakumruhusu mtu yeyote kukanyaga sitaha na viatu, na kwa kusikiliza tu lile kapu Sevasti alijua wageni wangapi wameshapanda. Alipohesabu kiatu cha kumi na sita akafuta kisu. Watu wanane, wametimia.

Mashua iliitwa Marouso, jina la marehemu mama yao. Ilikuwa ya mbao, ya milingoti miwili, na kila siku ya kiangazi ilitoka bandari ya Karavostasi kuzunguka pwani ya kisiwa cha Folegandros, Ugiriki, ikarudi jua likiwa bado juu ya mlima. Themelis alishika usukani na kuzungumza na wageni. Sevasti alipika. Walikuwa wamefanya kazi hiyo pamoja miaka kumi na tisa, na kabla ya hapo Sevasti ndiye aliyemlea, maana alimzidi miaka saba na mama yao alikuwa mtu wa kwenda kuchuma zabibu za watu visiwa vya mbali.

Siku ile walipanda walimu wawili wastaafu kutoka Uholanzi, maharusi wa Kitaliano, mwanamke wa Kijerumani na baba yake mzee, na mke na mume kutoka Athens. Mume aliitwa Isidoros Kalafatis, msanifu majengo, mtu wa sauti ya chini na kucha safi. Alibeba begani bomba refu la ngozi. Sevasti alipomwomba alipokee ili alihifadhi pakavu, alikataa kwa adabu.

"Asante, mama. Hili nakaa nalo."

Meltemi, ule upepo wa kaskazini wa kiangazi, ulikuwa wa kadiri. Tanga likashiba, mashua ikalala kidogo upande, Mwitaliano akampiga picha mkewe. Kituo chao cha kwanza, kama siku zote, kilikuwa ghuba ndogo ya Almiraki, mahali wageni walipoogelea na kula.

Almiraki ilikuwa ya mama yao. Ilikuwa na kokoto nyeupe, mtini mmoja, na pango la kuwekea mashua lenye mlango wa buluu. Kila Agosti mama alikwenda pale na kijiko cha mti kukwangua chumvi iliyokauka kwenye vishimo vya mwamba, na Sevasti aliendelea kufanya hivyo baada yake. Siku tatu kabla hajafa, mama aliwashika wote wawili mkono akasema ghuba ni yao sawasawa, na mmoja asiiguse bila mwenzake. Themelis alilia kuliko dada yake.

Walipopinda rasi, ghuba haikuwepo.

Themelis alipunguza tanga. Mahali pake palikuwa na ukuta wa mwamba uliojifunga vizuri, kama ufizi uliopona baada ya jino kung'oka. Juu yake mbuzi wanne walisimama wakitazama chini.

"Dada," Themelis aliita, "hebu njoo uone."

Sevasti alipanda akijifuta mikono kwa aproni. Akatazama.

"Imeondoka," alisema.

"Juzi si tulikuwa hapa?"

"Juzi ilikuwepo. Mimi mwenyewe nilifunga mlango wa pango."

Kwenye kisiwa kile mambo ya kuhama yalikuwa yametokea zamani pia. Kanisa dogo la Mtakatifu Fanourios liliwahi kuteremka mlimani hatua mia mbili kwa sababu magoti ya kasisi yalizeeka, na watu walichosumbuka nacho ni kufyeka njia mpya tu. Kwa hiyo Themelis aliwaeleza wageni kwamba ghuba haipo leo na kwamba wataogelea upande wa kusini. Waholanzi wakauliza kama huko kuna kivuli. Yule mzee wa Kijerumani akauliza chakula ni saa ngapi.

Isidoros Kalafatis peke yake ndiye aliyesimama. Alifungua bomba lake la ngozi, akatoa karatasi kubwa, akailinganisha na mwamba.

"Nahodha," alisema, "hapa si ndipo penyewe?"

"Ndipo, bwana. Palikuwa hapa."

"Sasa itakuwaje? Wiki ijayo mafundi wanakuja."

Sevasti alitazama ile karatasi. Aliuona mtini, umechorwa kwa duara na kukatwa kwa msalaba mwekundu. Pango aliliona limeandikwa *stoo ya taulo*.

"Mafundi wa nini?" aliuliza.

Bwana Isidoros alimgeukia kwa uso mkunjufu. Alidhani ni mpishi wa kuajiriwa. "Tunajenga, mama. Nyumba ya kupumzikia, na bwawa. Nimeinunua ghuba tangu Machi."

"Umeinunua kwa nani?"

Hapo ndipo Themelis alipopata kazi ya haraka na kamba ya tanga dogo, kamba ambayo haikuwa na tatizo lolote.

Sevasti aliukumbuka mwezi wa Machi. Alikuwa akikanda unga, mikono mieupe hadi viwikoni, Themelis akaingia na karatasi. "Dada, weka sahihi hapa, ni mambo ya leseni ya mashua, ofisi ya bandari inafunga saa nane." Miwani ilikuwa chumbani. Themelis alimshikia kalamu, akamwonyesha mahali kwa kidole, akambusu utosini. Alitoka mbio, na Sevasti alibaki akicheka peke yake kwa sababu ya alama ya unga aliyokuwa ameondoka nayo begani.

 Sasa alirudi jikoni, akachambua pweza, akapanga mikate mikavu ya shayiri sahanini na kuilowesha kidogo kwa maji na mafuta ya zeituni. Mikono yake ilifanya kazi kama kawaida. Alipomaliza alikaa kwenye ndoo iliyogeuzwa, akakaa hapo mpaka aliposikia nanga ikizama.

Themelis aliinama juu ya ngazi, akabaki hapo, kichwa kikiwa jikoni na miguu nje.

"Dada, usikasirike mbele ya wageni."

"Umenipaka mafuta kwa mgongo wa chupa, Themelis."

"Injini imekufa. Msichana wangu anasoma Thessaloniki. Unajua maisha yalivyo."

"Ungeniuliza."

"Ningekuuliza ungekataa."

"Ndiyo maana watu huulizana."

Themelis alijikuna shingo. "Wewe huna mtoto, dada. Ghuba ungemwachia nani?"

Alilisema bila ukali, kama mtu anayetaja hali ya hewa. Sevasti alimtazama mdogo wake, ambaye yeye ndiye aliyemfunza kutembea kwenye kokoto za Almiraki akimshika makwapani, kisha akamkabidhi sahani ya pweza.

"Wapelekee wageni. Inapoa."

Walikuwa wametia nanga kusini, chini ya jabali tupu, maji ya kina kirefu, meusi. Wageni walikula na kusifu. Walipofikia tikiti maji, mzee wa Kijerumani aliyekuwa ameegemea ukingo alisema anaona kokoto. Binti yake akatazama, akakubali. Maji yalikuwa yanageuka kijani. Mnyororo wa nanga ukalegea, na kutoka nyuma ya mashua ghuba ikaja polepole, kama punda anayeijua njia ya nyumbani. Kwanza yalipita mawe yake ya chini, kisha mkono wa kushoto wa mwamba, kisha wa kulia, hata Marouso ikajikuta ndani. Mtini ulikuwa umepoteza tini chache safarini. Mlango wa buluu ulikuwa wazi, ukigongagonga.

"Saa saba na dakika ishirini," alisema mwalimu mmoja wa Kiholanzi, akaandika kwenye kijitabu chake. Maharusi walikuwa wameshajitosa majini.

Bwana Isidoros alitoa dira mfukoni, akaiangalia, na uso wake ukang'aa.

"Danae," alimwita mkewe, "sasa inatazama kusini. Tutapata jua kutwa!"

"Na upepo?"

"Upepo hakuna huku. Imejipanga vizuri kuliko mchoro wangu."

Sevasti alishuka majini na nguo zake, maji yakimfika kiunoni, akaenda nchi kavu. Alipokanyaga kokoto zilikuwa na joto. Alifunga mlango wa pango, akaokota tini zilizoanguka, akaketi kwenye mwamba wa chumvi. Vishimo vilikuwa vimejaa. Chumvi haikumwagika hata punje.

"Umefanya vibaya kuja," aliiambia ghuba, kwa sauti ya kawaida. "Ungebaki hukohuko ulikojificha. Mimi si mtu wa kufuatwa tena. Ninatembea na yule aliyekuuza."

Wimbi dogo lilikuja likamgusa vifundo vya miguu, likakaa hapo muda mrefu kuliko mawimbi yanavyokaa.

Alitoa kijiko kwenye mfuko wa aproni akaanza kukwangua. Bwana Isidoros alikuwa akipima mwamba kwa hatua, akaja akasimama karibu naye. Themelis alikuwa ameshamnong'oneza huyu mama ni nani, kwa hiyo alisema kwa heshima zaidi.

"Mama Sevasti, mimi sikujua. Niliona sahihi mbili, nikajua mmekubaliana."

"Sahihi ni yangu."

"Basi." Alifikiri kidogo. "Kuanzia mwezi ujao kutakuwa na mlinzi. Ila leo chukua chumvi yako tu, mama. Chukua yote."

Sevasti alimshukuru, kwa kuwa alifunzwa kumshukuru mtu anayempa kitu. Baadaye, kila alipolikumbuka lile neno asante lililomtoka, alisikia haya usoni.

Walipong'oa nanga ghuba iliwafuata. Ilizunguka nao rasi ya mashariki, ikiacha umbali wa mita mia hivi ili isigongane na meli ya abiria iliyokuwa ikiingia. Themelis hakutazama nyuma hata mara moja. Bandarini aliwashukuru wageni, akawapa viatu vyao, na Bwana Isidoros akampa mkono mara mbili.

Ghuba ilitulia chini ya nyumba ya Sevasti. Nyumba yake ilikuwa ya mwisho mwishoni mwa bandari, na chini ya dirisha la jikoni kulikuwa na mawe meusi tu na mfereji wa maji machafu. Sasa kulikuwa na kokoto nyeupe, mtini, na ule mlango. Jirani yake Zambeta alikuwa akianika shuka.

"Sevasti we, umeletewa ghuba."

"Nimeiona."

"Itabidi uhamishe kamba yako ya nguo. Mtini umeigusa."

"Nitahamisha."

"Lakini una bahati, mwenzangu. Mimi hata paka wangu hanifuati."

Wiki ile Sevasti alivaa gauni la kanisani akapanda basi kwenda ofisi ya ardhi kule juu mjini. Karani aliusoma mkataba mara mbili. Ulisema kilichouzwa ni ghuba iitwayo Almiraki, pamoja na mtini, pango na mlango wake. Haukusema lazima iwe wapi.

"Punda akihama zizi, mama, habadilishi mmiliki," alisema karani, kwa huruma ya kweli. "Nitarekebisha mstari mmoja tu, wa mahali."

"Na kama nilidanganywa?"

"Nani alikudanganya?"

Sevasti alifungua mdomo ili alitaje jina. Ulikuwa mdomo uleule uliomwita Themelis chakulani kwa miaka arobaini, ukakataa. Alichukua mkoba wake akashuka mlima kwa miguu.

Mafundi walikuja na uzio wa nyaya za kijani. Walimsalimu kila asubuhi. Waliukata mtini siku ya Jumanne, na Sevasti alisimama dirishani mpaka ulipoanguka, kwa sababu aliona haifai ufe bila mtu wake. Kazi ya bwawa haikwenda. Kila zege lilipokauka, ghuba ilijigeuza kidogo, kama mgonjwa anayetafuta ubavu wa kulalia, na zege likapasuka. Mafundi ndio waliogundua kwamba Sevasti akiwa dirishani ghuba hutulia tuli.

Themelis alikuja saa za usingizi wa mchana, na samaki wawili kwenye karatasi. Sevasti hakuwa amepanda tena Marouso, na hawakuwa wamesemezana tangu ile sahani ya pweza. Themelis aliingia, akaufunga mlango, akasimama hapo kama mgeni.

"Dada, Bwana Isidoros anaomba kitu kidogo. Anaomba ukae dirishani, asubuhi hadi jioni, mpaka zege likauke. Si unakaa hapo siku zote?"

"Ndicho kilichokuleta?"

"Na samaki."

Sevasti alitazama samaki. Walikuwa wazuri, wabichi, macho yao bado yaking'aa. Akawapokea, akaenda jikoni, akafunga dirisha. Kisha akafunga na mbao zake za nje, moja baada ya nyingine, akaweka komeo. Chumba kikawa giza katikati ya mchana.

"Dada, umefanya nini?"

"Nimefunga dirisha langu."

Nje kokoto zilisikika zikisogea, zote kwa pamoja, kwa mlio wa mchele unaomiminwa. Ghuba ilikuwa ikimtafuta. Iliupanda ukingo, ikapita kamba ya nguo, ikaja mpaka kwenye kizingiti cha mlango wa mbele, na maji yake yakaingia chini ya mlango kwa upana wa kiganja, yakalowesha viatu vya Themelis, yakampita, yakaenda kusimama miguuni pa Sevasti. Themelis aliinua mguu mmoja, halafu mwingine, akaaga.

Asubuhi mafundi walikuja na vipimo. Walivua kofia, wakamwomba Sevasti radhi kwa usumbufu, wakang'oa nguzo za uzio na kuzisogeza mpaka ghuba ilipokuwa imefika. Kizingiti cha nyumba kilibaki ndani ya uzio. Tangu siku hiyo Sevasti hutoka kwa mlango wa nyuma.