Mwanga wa Mama Mkwe

Katika mji ule mashine ziliendeshwa kwa mwanga wa asubuhi, uliokingwa kwenye chupa kama maji ya mvua. Mawingu yalipotanda kwa siku nne, cherehani ya mshonaji ilizima, na gauni la bibi harusi lilikuwa bado halina mkono mmoja. Mshonaji akashika tama. Ndipo mama mkwe wake, ambaye alikuwa haivi naye chungu kimoja, akaingia na chupa inayong'aa.

"Niliukinga asubuhi aliyozaliwa mumeo. Tia kwenye cherehani."

"Mama, siwezi kuutumia huu."

"Nimeuficha miaka thelathini. Kuuficha kumenisaidia nini?"

Cherehani ikanguruma, chumba kikajaa rangi ya dhahabu. Mshonaji akashona huku mama mkwe akimsimulia jinsi mumewe alivyozaliwa na masikio makubwa kuliko uso, wakacheka hadi mbavu zikawauma. Kufika adhuhuri gauni lilikuwa tayari.